Karibu ya Mheshimiwa Magoda

Palikuwa na nchi, na kama haikuwa nchi basi ilikuwa na bendera, wimbo na magari ya msafara, kwa hiyo tuiite nchi. Jina lake lilikuwa limebadilishwa mara nyingi hata wenyewe wakachoka kulitaja. Wakawa wanasema tu "hapa kwetu", kisha wanatazama nyuma.

Hapa kwetu kila raia alikuwa na haki arobaini. Si thelathini na tisa, si arobaini na moja. Wazee walioandika Katiba walikuwa watu wa kushuku, na katika ukurasa wa kwanza waliweka masharti mawili. Sharti la kwanza: haki haiondolewi mpaka iwekwe nyingine mahali pake, ili hesabu isipungue. Sharti la pili: mtu wa serikali akiivunja haki iliyowekwa badala, mbele ya karani wa Bunge, basi ile ya zamani inarudi kukaa kwake siku hiyo hiyo. Wakatia sahihi, wakafa, wakazikwa kwa mizinga.

Waliobaki waliyafuata masharti hayo kwa uaminifu wa kuliza. Ilipoonekana kwamba haki ya kusema inawachosha watu, iliondolewa, na raia wakapewa haki ya kupiga chafya bila kuulizwa sababu. Ilipoondoka haki ya kukusanyika, ikaja haki ya kila mtu kuchagua ubavu wa kulalia. Haki ya barua yako kutofunguliwa na mtu mwingine iliondolewa siku ya Jumatatu, na Jumanne watu wakaamka na haki ya kuongezewa mchuzi wakiomba. Na haki hizo mpya ziliheshimiwa, tusije tukasema uongo. Hata katika vyumba vya polisi, mtu akipigwa halafu akapiga chafya, alingojwa amalize. Wageni walikuja kutoka nchi za mbali na madaftari yao, wakahesabu mpaka arobaini, wakasifu, wakapewa vinyago, wakaondoka.

Aliyeisimamia kazi hiyo yote alikuwa Mheshimiwa Danstani Magoda, Waziri, cheo chake Mlinzi Mkuu wa Haki za Raia. Alikuwa mtu mnene, safi, mwenye sauti ya taratibu kama ya mtu anayembembeleza mtoto huku ameficha sindano. Haki mpya alizitunga wakati wa chakula cha mchana, katika kantini ya Bunge, kwa kutazama kilichokuwa mbele yake. Wasaidizi wake walikuwa wakiuliza, "Mheshimiwa, tumeondoa hii, tuwape nini?" Naye hutafuna kwanza, akatazama bakuli, akasema, "Wape mchuzi."

Na aliyekuwa amesimama nyuma yake na upawa alikuwa Siwema.

*

Siwema alikuwa msichana wa kugawa chakula. Alimaliza darasa la saba akakomea hapo, kwa sababu shule iliyofuata ilikuwa ng'ambo ya mto na mto ule haukuwa na daraja. Hakuwa msemaji. Katika kantini walimwita "wewe wa mchuzi", naye aliitika. Lakini macho yake hayakulala. Alijua waziri gani huficha nyama chini ya wali ili aongezewe, na yupi hulia machozi akila pilipili halafu akasema ni uchungu wa nchi.

Alikuwa na kaka yake mmoja tu duniani, Ngwali, fundi viatu. Miaka mitatu nyuma Mheshimiwa Magoda alikwenda kwao kuzindua daraja. Bendi ilipiga, utepe ulifungwa kwenye miti miwili kavu pembeni ya mto, Mheshimiwa akaukata, watu wakapiga makofi. Ngwali, ambaye alikuwa na mzigo wa viatu vya kupeleka ng'ambo, akanyoosha mkono kwa adabu, akauliza daraja lenyewe liko upande gani.

Watu walicheka. Hilo ndilo lilikuwa kosa. Swali peke yake labda lingesamehewa. Jioni hiyo hiyo Ngwali alikamatwa.

Siku hizo Haki ya Ishirini na Tatu ilikuwa bado ile ya zamani: mtu akikamatwa, afikishwe mbele ya hakimu kabla ya siku mbili kwisha, aambiwe kosa lake. Sasa hakimu angeambiwa nini? Siku ya pili, mchana, Siwema akiwa amesimama na upawa wake, alimsikia Magoda akiwaeleza wasaidizi kwamba yule mtu wa mtoni asipelekwe popote, na kwamba haki hiyo ya siku mbili iondolewe kabla jua halijatua. Wakamuuliza tuwape nini.

Magoda siku hiyo alikuwa na donda la rohoni. Usiku uliotangulia alikuwa amealikwa mezani kwa Mtukufu Rais. Mtukufu alimwambia karibu, akamega matonge mawili, akainuka. Na Mtukufu akiinuka, wote wanainuka. Magoda akaliacha paja zima la kanga sahanini, halijaguswa, na picha yake ilimkaa kichwani mpaka asubuhi. Kwa hiyo hakutazama bakuli siku ile. Alisema kwa uchungu:

"Andikeni hivi. Mtu akiambiwa karibu chakula, akaketi, huyo ni mgeni. Na mwenyeji hatasimama mpaka mgeni wake aseme ameshiba."

Wakaandika, wakapitisha saa kumi. Kengele ya Bunge ikalia mara moja, ikawa ndiyo Haki ya Ishirini na Tatu. Ngwali akabaki ndani.

Upawa haukumponyoka Siwema mkononi. Alimwongeza Mheshimiwa mchuzi, akaenda nyuma ya jiko, akakaa juu ya gunia la mchele mpaka alipoitwa tena. Toka siku hiyo alimgawia chakula mtu yule kwa miaka mitatu, kila siku ya kikao, na hakuna siku aliyommwagia hata tone. Waliomwona walisema ana moyo mzuri.

*

Meza ya Magoda ilikuwa na mguu mmoja mfupi, na ili isicheze walikuwa wameuwekea kitabu. Siku moja akipiga deki Siwema alikivuta kitabu hicho, akaona kumbe ni Katiba. Akaweka kipande cha tofali mahali pake, akakichukua. Kila mchana, vyombo vikishaoshwa, alisoma ukurasa mmoja, kidole chini ya neno, maneno mengine akiyasoma mara nne. Kilimchukua mwaka. Alipofika mwisho alirudi mwanzo, kwa sababu ukurasa wa kwanza ulikuwa umemkaa kama mwiba wa samaki kooni.

Alianza kutazama kitu kingine. Magoda alikuwa mtu wa adabu za nje. Hakuna aliyepita kando ya sahani yake asiambiwe karibu. Alimwambia Spika, alimwambia dereva, alimwambia mfagiaji mwenye ndoo. Nao wote walijibu kama walivyolelewa: asante Mheshimiwa, nimeshakula. Hata mwenye njaa ya siku mbili alijibu hivyo, na tumbo likanguruma katikati ya jibu. Hapa kwetu karibu ya chakula ni salamu, na anayeikubali huonekana hakufunzwa kwao. Ndiyo maana haki ile ilikuwa imekaa miaka mitatu bila kutumiwa na mtu hata mmoja.

Siwema naye aliambiwa karibu kila siku. Naye kila siku alijibu nimeshakula.

Angeweza kuikubali mapema, lakini alikuwa anasubiri siku ambayo mtu huyo asingeweza kukaa. Magoda alikuwa mtu wa kukaa. Siku ya kawaida angeweza kukaa mezani mpaka jioni, akaletewa magazeti, akasinzia, na Siwema angeshiba akapasuka. Aliye juu mngoje chini, walisema wa zamani, lakini hawakusema ungoje siku ngapi.

Jumapili alikuwa akienda gerezani na kikapu. Ngwali alikuwa amekonda, na kifua kilikuwa kinambana. Mara ya mwisho alimwonyesha dada yake vidole vyake, akamwambia vimeanza kusahau sindano ya viatu. Akiota anashona, ngozi haishikani. Siwema alirudi nyumbani akijua kwamba kusubiri nako kuna mwisho wake.

Jumanne ndipo habari ilipofika kantini. Siku ya Alhamisi, saa nane mchana, Mheshimiwa Magoda atasimama Bungeni na kuwasilisha marekebisho ya kufuta lile sharti la pili, kwa sababu za usafi wa ukurasa. Sharti likifutwa, haki iliyotoka imetoka. Mtukufu alitaka jambo hilo liishe kabla ya saa kumi, maana ndege yake ilikuwa inamngoja.

*

Alhamisi saa saba kamili Magoda aliketi. Alikuwa na wali, kichwa cha sangara na jagi la maji ya ukwaju, kinywaji alichokipenda kuliko ndugu zake. Siwema alimjazia gilasi ya kwanza, ya pili na ya tatu. Kila mtu hapa kwetu anajua ukwaju unavyoliendesha tumbo, lakini Alhamisi ilikuwa siku ya ukwaju miaka yote, kwa hiyo hakuna wa kulaumiwa.

Magoda alikuwa hajagusa kichwa cha samaki. Siwema alipopita na upawa akamwambia, bila kumtazama, "Karibu, wewe wa mchuzi."

Siwema akaweka upawa chini. Akavua aproni. Akavuta kiti.

"Asante, Mheshimiwa," akasema. "Starehe."

Kantini nzima iligeuka kutazama. Wengine waliona aibu kwa niaba ya mama yake. Magoda alitabasamu, kisha tabasamu likakosa pa kukaa. Siwema alikuwa amenawa mikono, amekivuta kile kichwa cha sangara upande wake, na ameanza kuitafuta nyama ya shavuni taratibu, kama mtu anayetoa uzi kwenye nguo mpya. Kichwa cha samaki hakiliwi kwa haraka. Kina vyumba.

Meza ya pili alikuwa ameketi Bi Mwantumu, karani wa Bunge, mama mkavu ambaye kwa miaka ishirini na sita alikuwa ameandika kila kilichosemwa bila kukunja uso. Siwema alimgeukia, akamwamkia shikamoo, akamwomba awe shahidi kwamba ameambiwa karibu, ameketi, na bado hajashiba. Bi Mwantumu aliitazama saa ya ukutani. Kisha akafungua daftari, akaandika saa.

Hapo ndipo Mheshimiwa Magoda alipokumbuka alichokitunga.

*

Ilipofika saa nane kasorobo wasaidizi walikuwa wanakimbia kama kuku waliomwagiwa maji. Walimwomba Siwema kwa upole, wakamwomba kwa ukali. Yeye aliomba mchuzi, na kwa kuwa hiyo nayo ilikuwa haki, aliuleta mpishi mkuu mwenyewe.

Mwanasheria wa serikali aliitwa. Alisoma, akajikuna, akatoa ushauri kwamba Katiba imekataza mwenyeji kusimama, haikukataza abebwe. Basi askari wanne wakakibeba kiti cha Magoda, wanne wakakibeba cha Siwema, na wawili wakaja na meza, wakapita kwenye ukumbi mrefu wenye picha za marais, mpaka ndani ya Bunge. Siwema alikuwa hajabebwa toka alipokuwa mgongoni kwa mama yake. Alishika sahani kwa mikono miwili na kuendelea kutafuna.

Wabunge walipiga meza makofi kwa mazoea. Spika akasema Mlinzi Mkuu awasilishe. Magoda akafungua kinywa, na Spika, kwa masikitiko, akamkumbusha kanuni ya kumi na nne: hakuna asemaye Bungeni ameketi isipokuwa Spika. Ikapendekezwa mwingine asome badala yake. Kanuni ikakataa, marekebisho yanaletwa na Mlinzi Mkuu peke yake. Ikapendekezwa kanuni ibadilishwe. Kanuni ilitaka taarifa ya siku mbili. Kanuni zote hizo alizitunga Magoda, ili asije mtu mwingine akasema. Mbunge mmoja wa upinzani, ambaye alikuwa amewekwa kwa ajili ya picha, alicheka kwa sauti, akaandikiwa onyo.

Saa tisa. Jasho lilikuwa linamtiririka Mheshimiwa shingoni. Ukwaju ulikuwa umeanza kuzungumza; waliokaa karibu waliusikia. Akainama juu ya meza, akasema kwa sauti ya chini:

"Binti, unataka nini?"

"Nataka kula, Mheshimiwa. Umenikaribisha."

"Usinichezee. Kila mtu ana anachokitaka."

Siwema akatoa mwiba mdomoni, akauweka pembeni ya sahani. "Nina kaka yangu, anaitwa Ngwali."

"Ngwali ni nani?"

Siwema alikuwa amejiandaa kwa maneno mengi, lakini si kwa hayo matatu. Miaka mitatu alikuwa amedhani kwamba mtu huyu angalau analibeba jina lile mahali fulani, hata kama ni chini, hata kama ni kwa chuki. Kumbe hakulibeba popote. Akatafuta nyama ya nyuma ya jicho.

"Aliuliza daraja liko upande gani," akasema.

"Aah. Yule." Uso wa Magoda ukafunguka kama mlango wa duka. "Basi hilo si neno. Nakuandikia hapa hapa, atoke leo, jioni mtakula wote nyumbani. Wewe sema tu umeshiba."

Akaomba karatasi, akaandika mistari miwili, akatia sahihi yake kubwa yenye mkia, akaisukuma mezani. Siwema alinawa kwenye bakuli, akajifuta, akaisoma kwa kidole, neno kwa neno. Ilikuwa imeandikwa vizuri. Askari wa gereza angeiona na kufungua mlango. Angeweza kusimama sasa hivi na kwenda nayo, na kifua cha Ngwali kingelala kwenye godoro usiku huo. Kidole chake kilirudi tena kwenye sahihi, na Magoda alikiona, akatabasamu tena.

Lakini Siwema alikuwa amesimama nyuma ya mtu huyu miaka mitatu. Alikuwa ameona vikaratasi vingi vikiandikwa mezani pale. Cha leo kinafungua, cha kesho kinafunga, na mkono ni ule ule. Tena ndani ya gereza lile kila Jumapili alikuwa anapanga foleni na kina mama sitini wenye vikapu.

Akaichukua karatasi, akaitandika mbele yake, akapanga juu yake miiba yote ya sangara mmoja mmoja, akaikunja vizuri pembe nne, akaisukuma kando.

"Asante," akasema. "Bado sijashiba."

Magoda hakutabasamu tena siku hiyo. Lakini tusimdharau: alikaa. Alishika mbao za kiti, akafumba macho, ukwaju ukamshambulia mara tatu na mara tatu akaushinda, na hata askari waliokuwa wanamchukia walimheshimu. Saa tisa na nusu Siwema alianza kuogopa. Kichwa cha samaki kilikuwa kimebaki mifupa, na tumbo lake lilikuwa limekaza kama ngoma. Alianza kuhesabu punje za wali.

Hapo mlango ukafunguliwa, akaingia ofisa wa Ikulu amebeba simu juu ya mto mwekundu. Mtukufu alikuwa uwanja wa ndege na amechoka kungoja. Ofisa akapiga magoti, akampa Magoda simu, na sauti ikatoka humo ikasikika mpaka viti vya nyuma.

"Magoda!"

Sasa hapa kwetu, toka mtoto anapoanza shule, sauti ya Mtukufu ikisikika kwenye redio, watu husimama. Husimama sokoni, husimama kinyozi akiwa na wembe kwenye kidevu cha mtu, husimama wagonjwa wodini na chupa zao za maji. Haifikiriwi. Ni magoti yanayosikia.

Bunge zima lilisimama. Spika alisimama. Askari walikakamaa. Na Mheshimiwa Danstani Magoda, Mlinzi Mkuu wa Haki za Raia, alisimama wima kama nguzo ya umeme, kifua mbele, simu sikioni.

"Mbona sikusikii vizuri?" ilisema sauti. "Unaongea na mimi umekaa?"

"Hapana, Mtukufu," Magoda akajibu, kwa fahari. "Nimesimama."

Katika ukumbi wote alikuwa ameketi mtu mmoja tu. Bi Mwantumu alimgeukia huyo.

"Mgeni, umeshiba?"

"Bado, Bi."

"Iandikwe," akasema Bi Mwantumu. Akaiandika mwenyewe, akanyanyua mkono, akaivuta kengele.

*

Haki ya Ishirini na Tatu ya zamani ilirudi kukaa kwake saa kumi kasoro dakika kumi na nane. Kabla siku mbili hazijaisha magereza yalilazimika kuwatoa watu wote wasiokuwa na kosa lililoandikwa, na foleni mbele ya mahakama ilizunguka jengo mara mbili. Zamu ya Ngwali ilipofika, hakimu aliuliza kosa lake, akaambiwa. Akamgeukia mwendesha mashtaka, akamuuliza kwa nia njema kabisa daraja hilo liko upande gani. Mwendesha mashtaka akaomba maji ya kunywa. Ngwali akatoka akikohoa, na Siwema akampokea mlangoni, akamshika vidole vile kimoja kimoja kama anayevihesabu.

Siwema alifukuzwa kazi kwa kosa la kula kazini.

Magoda naye alikamatwa usiku wa Alhamisi ile ile, kwa amri ya Mtukufu, kwa kosa la kusimama. Alikusudiwa kutupwa mahali na kusahauliwa. Lakini haki imekwisha rudi, na haki haichagui. Siku ya pili ilibidi aletwe mbele ya hakimu kama mtu mwingine yeyote. Wakili wake alizungumza saa mbili, akaisifu "haki hii tukufu, ambayo mteja wangu ameilinda maisha yake yote kwa jasho lake," na Magoda akafuta machozi kizimbani. Kesi ikaahirishwa. Ikatajwa, ikaahirishwa tena. Mashahidi walikuwa wabunge mia mbili na kumi, na kila mmoja alikuwa na mengi ya kusema kwa kuwa sasa hakuna aliyemkataza.

Siwema alikwenda kila siku. Alikaa benchi la mbele, mikono mapajani, akimtazama. Mwanzoni Magoda alimkwepa. Baadaye akawa anaingia kizimbani na kumtafuta kwanza yeye, kama mtu anayegusa jino linalouma.

Ngwali hakulipenda jambo hilo. Asubuhi moja, akiwa ameketi na kiatu cha kwanza alichopata kukishona vizuri toka atoke, alimwona dada yake anajifunga kanga.

"Mdogo wangu, mimi nimetoka," akamwambia. "Na yeye yumo ndani. Unakwenda kutafuta nini tena huko?"

Siwema alifunga fundo, akalikaza.

"Kaka, wewe miaka mitatu hukupata hata siku moja ya mahakama. Yeye wamempa nyingi. Nataka azimalize zote."